Tasnifu Chini ya Kitanda

Jumamosi, 2 Mei

Hili sijamwambia mtu yeyote. Si Mama, si Baba, wala mdogo wangu, ambaye ukimwambia jambo saa mbili, saa tatu linajulikana hadi kwa muuza mkaa. Ndiyo maana tunamwita Redio. Naliandika hapa kwa sababu leo limevimba, halinitoshi tena kifuani.

Mimi ndiye niliyemkosesha Mama nyongeza yake ya mshahara.

Mama anafundisha chuo kikuu. Karibu miaka mitatu iliyopita chuo kilitoa waraka. Mwalimu atakayemaliza shahada ya uzamivu kabla ya Juni kwisha atapandishwa mshahara ngazi tatu kwa mpigo. Atakayemaliza baada ya hapo atapewa pongezi. Waraka uliandikwa hivyo hivyo, pongezi. Na kumaliza, kwa wakubwa wa chuo, si ile siku unapoitetea kazi yako mbele ya maprofesa watano ambao hawajala mchana. Kumaliza ni siku nakala zako sita za tasnifu, zimeshajalidiwa vizuri, zinapopokelewa kwenye dirisha la masjala na kugongwa muhuri. Unasoma miaka saba, halafu mwamuzi ni gundi.

Mama aliitetea kazi yake mwezi wa nne akafaulu. Zikafuata nukta na mikato za kurekebisha. Akafuata fundi wa kujalidi, ambaye kila siku alikuwa anamalizia. Nakala zikatoka Ijumaa, tarehe 30 Juni, asubuhi ya siku ya mwisho. Mama mguu umeteguka, Baba kasafiri kikazi. Nikatumwa mimi, miaka kumi na mitatu, na begi kubwa la safari. Kazi yangu ilikuwa kufika dirishani na kusema maneno manne: nimeleta tasnifu za Mama.

Nilifika saa nne. Kulikuwa na foleni. Nyuma ya kioo kulikuwa na mzee mwenye miwani kwenye ncha ya pua. Nikakaa kwenye benchi la barazani nisubiri foleni iishe. Ikaisha. Nikaona nikienda sasa nitakuwa peke yangu, bora nisubiri ianze tena. Ikaanza. Nikasubiri iishe. Saa tisa na nusu dirisha likafungwa.

Nikarudi kwa mlango wa nyuma, begi nikalisukuma chini ya kitanda. Mama akauliza kutoka chumbani kwake kama nimefikisha. Nikaenda mlangoni nikaitikia kwa kichwa. Kichwa hakihesabiwi kuwa uongo.

Jumatatu nikapeleka. Nikaziweka nakala dirishani bila neno, nikatia sahihi kwenye daftari, nikatimua mbio. Muhuri unasema 3 Julai.

Mama anaamini karani alizikalia nakala zake tangu Ijumaa. Karani huyo chuo kizima kinamwita Mzee Muhuri. Mama amekishtaki chuo kwenye Baraza la Kazi, na leo Wakili wake amekuja nyumbani. Amekunywa vikombe vitatu vya chai na kutangaza kwamba kesi hii ina shahidi mmoja tu wa maana.

Kisha akanielekezea kijiko.

Jumapili, 3 Mei

Naandika kwa Kiswahili kwa usalama. Kilichoandikwa kwa ile lugha nyingine, ya darasani, Mama hawezi kukipita bila kalamu nyekundu. Mwaka jana nilimwandikia barua ya kuomba radhi kwa kuvunja birika. Ikarudi na alama hamsini na mbili na maoni kwamba hoja zangu hazina ushahidi.

Kesi itasikilizwa tarehe 14. Nitasimamishwa mbele ya watu na kuulizwa siku niliyofikisha nakala. Mimi, ambaye dukani huonesha bidhaa kwa kidole.

Jioni Jirani kapita. Naye ni mwalimu, idara moja na Mama. Nakala zake zilipokelewa Alhamisi ile, siku moja tu kabla ya Ijumaa yetu, akapandishwa ngazi zake tatu. Tangu hapo hawezi kupita mbele ya lango letu bila kuuliza kesi inaendeleaje, Daktari mwenzangu. Anaulizia kesi kama mtu anavyomwulizia mgonjwa anayetarajia kumrithi. Mama akamjibu inaendelea vizuri, ana shahidi. Jirani akanitazama kuanzia kandambili hadi kichwani. Akauliza kama ninaongea.

Nimepata mpango. Sauti itapotea.

Jumatatu, 4 Mei

Sauti imepotea tangu alfajiri. Nimeashiria koo. Nimekohoa kwa huzuni. Kwa mtu ambaye kwa kawaida husema maneno kumi kwa siku, hakuna aliyegundua mpaka saa nane mchana.

Mama alipogundua akachemsha tangawizi ya kutosha kijiji. Nimekunywa jagi zima. Baba, ambaye kazi yake ni kupima viwanja na huamini kila kitu kina mipaka, akaniangalia akasema koo hili limeharibika kwa ratiba nzuri sana. Kisha Redio akatoa taarifa ya habari: amenisikia bafuni nikiimba beti tatu, na ya mwisho nimeipandisha.

Mama hakukasirika. Akampigia Wakili simu kumweleza kuhusu koo. Wakili akasema hakuna shida kabisa. Atatengeneza hati ya kiapo, mimi nitie sahihi tu.

Kwa hiyo sasa sitadanganya kwa mdomo. Nitadanganya kwa maandishi, chini ya sheria, na muhuri juu. Mpango umefanikiwa sana.

Jumanne, 5 Mei

Wakili kaleta hati. Kauliza umri wangu wa kujaza pale juu. Mama akasema kumi na sita. Wakili akashusha kalamu. Kumbe siku zote alidhani nina ishirini, eti kwa sababu nimetulia. Akasema mtoto wa umri huu Baraza litataka kumwona na kumsikia mwenyewe. Karatasi haitoshi.

Akaniuliza kama koo litakuwa limepona tarehe 14. Redio akajibu kwa niaba yangu.

Jumatano, 6 Mei

Nimeaga naenda maktaba. Nimeenda masjala. Nilitaka kujua kitu kimoja tu: je, lile daftari la mapokezi bado lipo? Ndani yake kuna sahihi yangu ya Jumatatu. Ikionekana, nimekwisha.

Mpango ulikuwa niende dirishani niulizie kwa ujanja. Nikakaa kwanza kwenye benchi kupanga maneno. Benchi ni lile lile. Hata msumari uliochomoza uko pale pale, ukanitambua.

Saa nzima ikapita. Mara mlango wa pembeni ukafunguka, Mzee Muhuri akatoka na chupa yake ya chai, akaja kukaa kando yangu. Nikamwamkia kwa sauti ya inzi. Akaitika, akamimina chai kwenye kifuniko, akapuliza, akasema leo nimekuja bila begi.

Nikajisogeza mpaka nikaukalia msumari.

Anakumbuka kila kitu. Akasema Ijumaa ile alinitazama kutwa nimekumbatia begi kama mtu anayelinda mtoto asiibwe. Mara mbili akaniita kwa mkono, mara mbili nikageuka kutazama ukuta. Akadhani namsubiri mzazi. Jumatatu alipoona mtoto yule yule na begi lile lile, akaelewa. Akagonga muhuri wa siku hiyo. Angegonga upi?

Nikamwuliza, kwa kweli nilimnong'onezea chupa ya chai, kwa nini hajawaambia wakubwa. Akasema hawajamwuliza. Walimwandikia barua kuuliza kama yeye amechelewesha. Akajibu hapana. Hawakuuliza ni nani. Amekaa dirishani miaka thelathini na mmoja, na amejifunza kujibu swali lililoletwa, si lile lililoachwa nyumbani. Ila akiulizwa kwenye Baraza la Kazi atasema.

Halafu akanieleza jambo lingine, kwa sauti ile ile anayoelekezea watu chumba cha vyeti. Amebakiza miezi minne kustaafu. Baraza likiona kwamba alizikalia nakala za Mama, anafukuzwa, na kiinua mgongo chake kinakwenda na maji.

Akasema Mama anatakiwa kuambiwa, na wa kumwambia ni mimi. Safari ile maneno manne yalinishinda, sawa, nilikuwa mdogo. Haya je, mwanangu, ni mangapi?

Nikahesabu njia nzima. Mama, ni mimi niliyechelewa. Manne tena. Kuna mtu huko juu ananichezea.

Alhamisi, 7 Mei

Leo ndiyo leo, nilijiambia. Mama alikuwa mezani anasahihisha mitihani. Mlima wa karatasi kushoto, mlima kulia, yeye katikati kama mtu aliyefukiwa, kichwa kikaachwa nje. Alikuwa amechangamka. Mwanafunzi mmoja alikuwa ameandika hitimisho kabla ya utangulizi na Mama alikuwa anacheka mpaka anafuta machozi.

Nikasimama kando yake. Nikasema, Mama.

Akainua kichwa. Akasema bee, mwanangu, kwa uso wote.

Nikasema chumvi imekwisha.

Akanipa hela. Nimenunua chumvi. Tulikuwa na kilo moja, sasa tuna mbili.

Ijumaa, 8 Mei

Chumvi tena. Kilo tatu. Baba ameuliza kama tunafungua bucha.

Jumamosi, 9 Mei

Siku ya kazi kubwa. Wakili kaleta jalada lake la vielelezo. Anataka nakala tano, zipangwe kwa namba, zibanwe, zirudi kabla ya saa kumi. Akasema apewe mtu makini. Mama akanipa mimi.

Wakili ana tabia moja nimeigundua. Hasomi, anapekua. Hupitisha kidole juu ya karatasi kama mtu anayepima joto la pasi, kisha anasema ndiyo, ndiyo, hii ni nzito.

Dukani kwa fotokopi nikafungua jalada nihesabu. Kielelezo cha tisa. Ukurasa wa daftari la mapokezi la masjala. Wakili mwenyewe ndiye aliyeuomba chuoni, ili auoneshe muhuri wa karani mzembe. Muhuri kauona. Safu ya kando yake hakuiona. Safu hiyo inasema: aliyeleta.

Na aliyeleta ametia sahihi. Enzi zile nilikuwa na miaka kumi na mitatu na nilikuwa najifundisha sahihi ya mtu maarufu. Imeanza na jina langu lote, ikapinda, ikajifunga kama kamba ya kiatu, ikamalizia na nyota. Nyota ya pembe tano. Nimeipaka rangi. Nilikuwa nakimbia, nikapata wakati wa kupaka rangi.

Na pembeni, kwa mwandiko wangu mwenyewe, tarehe 3 Julai, saa mbili na dakika tano.

Mwenye duka akauliza vipi, mbona nimeganda, wateja wanasubiri. Nikamwomba dakika. Nikarudi nyumbani mbio, nikaingia kwenye sanduku la makaratasi la Mama. Nilitaka karatasi yoyote yenye mistari, sahihi nyingi na muhuri, ambayo mtu anayepekua kwa kidole ataiona nzito. Nikapata moja. Ripoti ya watahini wa Mama, ya siku ile ya utetezi. Ina jedwali, sahihi tano za maprofesa, na muhuri wa duara chini. Kwa mbali ni pacha wa ukurasa wa daftari.

Nikaiweka namba tisa. Nikatoa nakala tano, zikabanwa. Ukurasa wa daftari nimeukunja, uko hapa ndani ya shajara hii, baina ya jana na leo.

Najua upande wa chuo wanalo daftari lenyewe. Najua Mzee Muhuri ana mdomo. Njama zangu hazijawahi kuwa na sehemu ya pili. Lakini angalau haitakuwa Mama anayeipeleka nyota yangu barazani kwa mkono wake mwenyewe.

Wakili kapitisha kidole juu ya nakala. Ndiyo, ndiyo. Akanisifu kwa kubana kurasa vizuri.

Jumatano, 12, hapana, 13 Mei

Hata tarehe zimenishinda. Sijala. Kesho.

Nimefanya mazoezi mbele ya kioo. Nimejaribu kusema ukweli, nimejaribu kusema uongo. Vyote vinatoka kwa sauti moja, ya mlango unaotaka mafuta. Redio kapita akauliza nazungumza na nani. Nikamwambia nasoma. Akasema kioo hakina maandishi.

Mama amepiga pasi gauni lake la siku ya utetezi. Halikutosha tangu hapo, leo limetosha. Baba akamwambia amekonda kwa kesi. Mama akasema si ngazi tatu zinazomkera. Kinachomkera ni kwamba kila akiingia ofisini wanamwona kama mwanafunzi aliyechelewesha kazi. Maisha yake yote, akasema, hajawahi kuchelewesha kitu.

Nikaenda kuangalia chumvi.

Alhamisi, 14 Mei

Baraza la Kazi ni chumba kimoja ghorofa ya pili, juu ya duka la mapazia. Feni moja, viti vya plastiki, mlango usiofunga kwa sababu kitasa kimeng'oka. Mashahidi tunakaa nje, kwenye korido. Mashahidi tulikuwa wawili: upande wa Mama mimi, upande wa chuo Mzee Muhuri. Maadui, benchi moja.

Akanipa peremende. Akauliza kama nimesema. Safari hii sikuitikia kwa kichwa. Nilikitazama kidole gumba cha mguu wangu. Akasema haya, na akaimimina chai yake taratibu kama mtu aliyekwisha kufanya hesabu zake.

Kwa kuwa mlango haufungi, tulisikia yote. Wakili akaanza kunguruma. Akasema uzembe. Akasema unyanyasaji wa wasomi. Akasema sasa anamwomba Mwenyekiti afungue kielelezo cha tisa, ajionee kwa macho yake mwenyewe daftari la aibu.

Nikasikia kurasa zikifunguliwa. Feni. Wakili akasema ndiyo, mara moja tu, na ya pili ikamkwama kooni.

Mwenyekiti ni mama mmoja mwenye sauti ya mtu anayeuliza bei akijua ataipunguza. Akasoma kwa sauti, polepole. Watahini tunathibitisha kwamba mtahiniwa amekidhi masharti yote ya kitaaluma ya shahada ya uzamivu, leo tarehe 14 Aprili. Sahihi tano. Muhuri.

Akamgeukia mwanasheria wa chuo. Baada ya siku hiyo, je, mlalamikaji alibakiza mtihani? Hakubakiza. Alibakiza somo? Hapana. Sura iliyokataliwa? Hapana, marekebisho madogo tu, nukta na mikato. Basi alibakiza nini? Mwanasheria akakohoa. Akasema kujalidi.

Mwenyekiti akauliza kama chuo kinawaongezea walimu mshahara kwa sababu ya elimu au kwa sababu ya gamba la kitabu. Akasema angependa kujua, maana ana binamu yake fundi wa kujalidi na bado hajapata nyongeza.

Mwanasheria akaomba walete daftari la masjala, na karani yuko hapo nje. Mwenyekiti akasema hana haja nalo wala naye. Ijumaa au Jumatatu, zote ni baada ya Aprili. Mashahidi waruhusiwe waende zao.

Waende zao. Nilisimama nikakaa, nikasimama tena.

Mzee Muhuri akafunga chupa yake ya chai. Akanitazama muda mrefu juu ya miwani, akasema nimepona dirisha moja, bado la nyumbani. Akashuka ngazi bila kugeuka.

Wakili alitoka anajipepea na jalada. Nilimsikia akimweleza Baba kwamba ule ndio uliokuwa mkakati wake tangu mwanzo: kuwashtukiza.

Ijumaa, 22 Mei

Mama kashinda. Ngazi zote tatu, kuanzia Aprili ile. Baraza limesema shahada ni akili ya mtu, si karatasi ngumu iliyoizunguka.

Nyumba imejaa watu. Jirani amekuja na uso wa msiba. Ushindi wa Mama umemwumiza, lakini sekunde moja tu, kwa sababu hapo hapo akakumbuka kwamba yeye aliitetea kazi yake Februari. Kumbe naye alistahili kulipwa tangu Februari, si Juni. Kabla soda haijaisha ameshamwomba Wakili namba ya simu. Wakili akapitisha kidole hewani akasema ndiyo, ndiyo, hii ni nzito.

Mama mwenyewe ameenda masjala kumwomba radhi Mzee Muhuri kwa kumdhania vibaya. Amerudi anasema mzee yule ni muungwana, hakutaka hata kulizungumza. Chuo, kwa kuona haya, kimempa kazi nyepesi miezi yake ya mwisho: kutunza nyaraka za zamani kwenye chumba cha juu, chenye dirisha moja linalotazama baraza na lile benchi. Dirishani chini ataletwa mwingine.

Wageni walipoondoka Mama akaniita. Akanishika mikono yote miwili. Nikajua huu ndio wakati wenyewe. Kesi imekwisha, hakuna anayefukuzwa, hakuna anayepoteza. Maneno manne tu. Nilikuwa nimeshafungua mdomo.

Akasema kuna siku nyingi katika miaka hii alitaka kuiacha kesi. Kila akitaka kuiacha alikuwa ananiona mimi, miaka kumi na mitatu, na begi kubwa kuliko mwili, naenda peke yangu kumfikishia kazi yake ya miaka saba. Akasema ndicho kilichomfanya aendelee. Kwamba nilifika.

Uniambie, wewe shajara, maneno manne unayaweka wapi juu ya hayo.

Kisha akafuta macho na kuwa mwalimu tena. Imebaki kazi moja. Baraza limeagiza awasilishe nakala ya hukumu na ya cheti chake masjala, ndani ya siku saba, mwisho Ijumaa tarehe 29 saa tisa na nusu. Asipowasilisha, madai yanahesabiwa yamefungwa, kana kwamba hakudai. Wiki nzima yeye anasimamia mitihani, hawezi kutoka, na Baba yuko porini anapima. Bahasha itakuwa tayari Alhamisi jioni, muhuri wa wakili ukishagongwa.

Akasema anamjua mtu mmoja tu wa kumpa.

Jumamosi, 30 Mei

Nilifika saa nne.

Huyo mpya ni kijana, ananukia manukato mpaka kwenye baraza, na anauliza watu maswali kupitia spika ndogo aliyoifunga kwenye kioo. Kila mtu aliyefika dirishani, shida yake ilisikika hadi kwenye maegesho. Mmoja alikuwa amefeli somo mara tatu. Tulimsikia sote, tukamsikitikia.

Nikakaa kwenye benchi nisubiri foleni iishe.

Mengine unayajua.

Mama aliporudi jioni akauliza. Niliitikia kwa kichwa. Akanibusu kipaji cha uso, akasema angejua mapema angekuwa ananituma mimi kila mahali.

Bahasha iko chini ya kitanda. Lakini nimefikiri sana leo, na sina wasiwasi. Kwanza, mimi si mtoto tena, nimejifunza: safari hii sikubeba begi kubwa, nilibeba bahasha ndogo, hakuna aliyeniona. Pili, ni siku tatu tu, Jumatatu asubuhi naipeleka kabla hata ya kunywa chai. Tatu, mara ya kwanza nilificha ikaharibika, mara ya pili nikaficha kielelezo cha tisa na Mama akashinda. Ni wazi kwamba tatizo halikuwa kuficha. Tatizo lilikuwa kuficha nusunusu. Na wakisema imechelewa, Mama ana Wakili, Wakili ana kidole, na Baraza lina yule mwenyekiti mwenye busara. Watauliza aliyeleta ni nani, na nitatia sahihi ya kawaida, bila nyota.

Kuna mtu anabisha hodi kwenye lango. Nimechungulia dirishani.

Ni Mzee Muhuri. Kavaa kanzu ya kutokea na ana chupa yake ya chai mkononi. Redio kamfungulia na sasa anatangaza ukumbini, kwa sauti ya kufika sokoni, kwamba babu huyu hataki kukaa, hataki soda, anasema jana kutwa alikuwa amefungua dirisha la chumba cha juu kuingiza hewa, na kuna mtu alimwona chini pale barazani kuanzia saa nne.

Mama anacheka. Anamwuliza alimwona nani.

Hacheki tena.

Kandambili zake hizo, zinakuja huku. Mguu ule uliowahi kuteguka hukanyaga kwa uzito kidogo, naujua. Nyuma yake kuna viatu vya ngozi, taratibu. Nimelala kifudifudi juu ya shajara, ukurasa wa daftari umechomoza pembeni na nyota yake, nausukuma ndani kwa kiwiko, bahasha naisogeza kwa kisigino nyuma zaidi, ukutani, ambako begi lile li